Magari Kumi na Moja ya Kwenye Karatasi

Nilipostaafu ualimu, kiinua mgongo changu kiligawanyika mafungu matatu: bati la nyumba ya Mikindani, ada ya chuo ya mtoto wa mwisho, na kosta. Watu walinionya. Gari la abiria ni mtoto asiyekua, walisema, kila siku anataka kula. Sikuwasikiliza. Usukani nilimpa mtoto wa mdogo wangu, kijana mtulivu anayeniita mama mkubwa tukiwa nyumbani na "tajiri" akiwa na wenzake stendi. Nikachukua leseni ya njia ya Mtwara na Lindi, tukaanza kazi.

Njia ya Lindi ni lami na haina kelele, lakini magari ni mengi na abiria ni walewale. Anayeishi kwetu anajua kwamba mwaka una miezi kumi na miwili, ila pesa ina mitatu. Kuanzia Oktoba korosho zinaingia maghalani, mnada unafanyika, na baada ya siku kadhaa ujumbe wa benki unalia kwenye simu ya mkulima. Hapo ndipo Tandahimba na Newala zinaposhuka mjini. Kuna anayetaka bati, anayetaka pikipiki, anayempeleka mama yake hospitali aliyokuwa akiahirisha tangu Machi. Wakati ule lami kutoka Mtwara iliishia Mnivata, kilomita 50 tu. Kutoka hapo ni vumbi, na mvua ikinyesha ni tope. Wenye magari mazuri hawakuitaka barabara ile. Abiria walipanda Noah wakiwa wamekaliana mapajani, au wakapanda lori la korosho wakakaa juu ya magunia, kina mama na watoto migongoni.

Nikasema: kosta yangu ina viti 29, dereva hanywi, na mimi nina deni la matairi. Septemba 2022 nikaandika ombi la kibali cha muda, siku 90, kutoka katikati ya Oktoba hadi katikati ya Januari, njia ya Mtwara na Tandahimba kupitia Nanyamba. Niliambatisha nakala ya kadi ya gari, bima, cheti cha ukaguzi na leseni yangu ya njia ya Lindi. Nilipeleka mwenyewe kwenye ofisi inayotoa vibali. Jina lake naliacha, maana watu wake bado tunakutana sokoni kwenye samaki.

Hapa niseme jambo moja dogo ambalo baadaye lilikuja kuwa kubwa. Nilikwenda na nakala mbili. Kijana wa mapokezi akachukua zote, nikamwambia hapana, moja nigongee mhuri, andika na tarehe. Akanitazama kama namchelewesha. Dereva wangu akacheka, akasema mama mkubwa shule imekuharibu. Sikujali. Miaka 34 nimepokea barua za wazazi zinazodai mtoto aliumwa siku ambayo mimi mwenyewe nilimwona akicheza mpira. Karatasi isiyo na mhuri kwangu ni hadithi.

Tarehe 11 Oktoba nikapigiwa simu.

"Mama, lile ombi lako halikupita."

"Kwa sababu gani, mwanangu?"

"Ruti imejaa."

"Imejaa magari mangapi?"

"Mama, nimeshakwambia imejaa."

Kesho yake asubuhi nikaandika barua nyingine, naomba jibu kwa maandishi pamoja na sababu. Nikagongewa mhuri tena. Jibu lilitoka tarehe 28 Oktoba, na mwili wa barua ulikuwa sentensi moja: ninaarifiwa kwamba ombi langu limefikiriwa na halikukubaliwa. Sababu hakuna. Wala haikusema ninaweza kulalamika wapi. Niliisoma nikiwa nimesimama pale pale mlangoni, nikaigeuza nyuma nione kama kuna kingine. Nyuma kulikuwa kweupe.

Wenzangu wenye magari walinipa ushauri wa bure. Mmoja alisema niende kwa mlango wa nyuma. Mwingine alisema nijaze fomu ya gari la kukodi, niandike msiba, kisha nibebe abiria wa kawaida, maana misiba haiishi. Mimi hasira zilikuwa zimenipanda, na mtu mwenye hasira husikia neno moja tu. Neno nililolisikia ni mahakama.

Wakili niliyempata ni kijana, ofisi yake iko ghorofani, chini yake wanauza vioo vya simu. Alisoma barua ile ya sentensi moja, akasoma ombi langu, akakaa kimya kidogo.

"Mama, nikwambie mapema usije ukanilaumu. Mahakama haitoi vibali. Ukishinda, jaji ataifuta hii barua na kuwaambia wakaliangalie ombi lako upya. Wanaweza kuliangalia upya na kukataa tena, mradi wafuate utaratibu."

Nilisikia "ukishinda".

Akaniuliza kama niliomba mapitio kwa ngazi ya juu ya ofisi ile. Nikamjibu, niende kuomba maji kwa aliyenifungia kisima? Akajikuna kichwa. Akasema wenzetu wa upande wa Serikali wataleta pingamizi kwamba nimekimbilia mahakamani kabla ya kumaliza njia zilizopo, na mahakama zetu hazilipendi jambo hilo. Nikamwambia msimu unapita, twende tu. Kosa lile lilikuwa langu, yeye hana lawama. Nimeliandika mapema ili msomaji asije akafika mbele akadhani nilionewa kila mahali.

Kisha akanieleza njia yenyewe. Ukifungua kesi ya kawaida dhidi ya Serikali, lazima utoe notisi ya siku 90 kwanza. Notisi ya siku 90 kwa ajili ya kibali cha siku 90! Nilicheka mpaka nikakohoa. Lakini kuna mlango mwingine unaoitwa mapitio ya mahakama, ambao hauhitaji notisi hiyo. Humo mahakama haiulizi kama wewe ulistahili kibali. Inauliza kama aliyekunyima alikuwa na mamlaka, kama alikusikiliza, kama alitumia akili na sheria. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inampa mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki zake zinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine. Mlango huo una vizingiti viwili. Kwanza unaomba ruhusa ya Mahakama Kuu, na ombi hilo lazima liletwe ndani ya miezi sita tangu uamuzi. Ukipewa ruhusa, una siku 14 kuleta maombi yenyewe.

Nikauliza sheria yenyewe inaitwaje. Akasema ni ya marekebisho ya sheria kuhusu ajali za vifo na mambo mengineyo, Sura ya 310. Nikashtuka. Mimi na ajali za vifo wapi na wapi? Akaniambia ndivyo ilivyo, mama, wewe umo kwenye hayo mambo mengineyo.

Tukaja kwenye kiapo, yaani maelezo yangu ya maandishi ninayoyaapia. Nilikaa usiku mbili nikaandika kurasa nane, mwandiko mzuri, aya zimenyooka. Niliweka humo mama aliyeanguka juu ya magunia, deni la matairi, simu ya yule kijana na jinsi alivyonikatia maneno, hata historia ya barabara ya Newala tangu nikiwa mwanafunzi. Wakili akazisoma zote kwa heshima, kisha akachukua kalamu nyekundu. Nyekundu! Mimi ndiye niliyezoea kuishika.

"Mwalimu, kiapo si insha," akasema. "Uliloliona wewe kwa macho, tarehe yake, na karatasi yake. Basi."

Zikabaki aya 12. Ombi lilipelekwa siku fulani, mhuri huu hapa. Simu ilipigwa siku fulani. Barua ya kuomba sababu ilipelekwa, mhuri huu hapa. Jibu hili hapa, halina sababu. Nilipozisoma zile aya 12 niliona zina nguvu kuliko kurasa zangu nane, na roho iliniuma kidogo kukubali. Magunia hayakupata nafasi. Deni la matairi ndiyo kabisa.

Shauri likasajiliwa kwenye mfumo wa kompyuta, namba ya malipo ikaja kwenye simu, nikalipia kama ninavyolipia umeme. Nilidhani nitabeba mafaili kama kwenye sinema. Nikaletewa nakala, na hapo ndipo jasho liliponitoka. Jina langu juu, mwombaji. Chini yake ofisi ile, mjibu maombi wa kwanza. Chini yake tena, Mwanasheria Mkuu wa Serikali, mjibu maombi wa pili. Wakili akasema nisiogope, tangu sheria irekebishwe mwaka 2020 ukiipeleka taasisi ya umma mahakamani na yeye lazima aunganishwe. Nikamwonyesha dereva. Akaisoma, akavua kofia.

Mara ya kwanza tulipoitwa, shauri lilitajwa tu. Nilikuwa nimevaa gauni la kitenge la harusi ya mwanangu, nimefika saa moja na nusu asubuhi, na ndani ya chumba cha jaji tulikaa dakika zisizofika kumi. Jaji alisema wajibu maombi wapewe nakala nao walete majibu yao, akapanga tarehe nyingine. Mazungumzo yalikuwa ya Kiswahili. Sheria ilibadilishwa mwaka 2021, Kiswahili kikawa lugha ya mahakama, na kwa hilo nashukuru, ingawa baadhi ya karatasi za upande wa pili bado zilikuja kwa Kiingereza na wakili ikabidi anitafsirie moja moja.

Kitu ambacho sikukijua, na ambacho mkulima yeyote wa korosho angenicheka, ni kwamba Mahakama Kuu nayo ina msimu wake. Kuanzia katikati ya Desemba hadi mwisho wa Januari iko likizo. Mwaka wa mahakama unafunguliwa na Siku ya Sheria mwanzoni mwa Februari. Tazama sasa: korosho zinauzwa Oktoba, Novemba, Desemba, mimi shauri langu lilitajwa Desemba mosi, na tarehe iliyofuata ilikuwa Februari. Nilikuwa naomba mwavuli, na mtu mwenye ufunguo wa duka la miavuli amekwenda kwao mpaka mvua iishe. Simlaumu jaji. Nalaumu kwamba sikuuliza.

Miezi ile niliyasikia magari ya wenzangu yakipiga honi usiku nikiwa kitandani. Na hapa lazima niseme ukweli wote. Tarehe 22 Desemba dereva wangu aliniambia anapeleka kosta gereji kubadilisha breki. Jioni akarudi na uso umemshuka. Alikuwa amebeba mzigo wa abiria kutoka Tandahimba, safari moja tu, na trafiki walimsimamisha kabla ya Nanyamba. Stakabadhi ya faini alikuwa ameikunja mara nne mfukoni.

"Nisamehe, mama mkubwa. Abiria walikuwa wamejaa barabarani, na mvua."

Nilimgombeza, lakini kwa sauti ya mtu aliyekwisha kuhesabu nauli kichwani. Faini nililipa mimi.

Kabla ya likizo ile, majibu ya Serikali yalikuwa yamekwisha kuja. Wakili alinipigia nije ofisini. Kulikuwa na vitu viwili. Cha kwanza ni pingamizi la awali, lile lile alilolitabiri: mwombaji hakutumia kwanza njia ya mapitio na rufaa iliyowekwa na sheria. Cha pili kilikuwa kiapo kinzani, kimeapwa na ofisa wa ofisi ile. Wakili aliweka kidole kwenye aya ya 7.

Aya ya 7 ilisema kwamba ombi langu lilikataliwa kwa kuwa njia ya Mtwara na Tandahimba ina magari 11 yenye leseni hai, nayo yanatosheleza mahitaji ya abiria. Orodha imeambatishwa.

Nilirudia kuisoma. Kwa muda wa miezi miwili na ushee nilikuwa nikiomba sababu, kwa mdomo, kwa barua, kwa mhuri, na sababu sikupewa. Sasa imekuja yenyewe, imeapwa mbele ya kamishna wa viapo, na kiambatisho juu yake. Orodha ilikuwa ukurasa mmoja. Namba ya gari, aina, idadi ya viti, tarehe ya mwisho wa leseni. Kumi na moja.

Mwalimu ukimpa orodha anaita mahudhurio, hawezi kujizuia. Nilinunua daftari lenye mistari, nikachora safu kama nilivyochora kwa miaka 34: namba, jina, Jumatatu, Jumanne, Jumatano. Nikaenda stendi ya Mkanaledi saa kumi na moja alfajiri, nikakaa kwa mama anayeuza chai na maandazi, mahali ambapo gari la Tandahimba haliwezi kutoka bila mimi kuliona. Siku tatu. Gari likitoka, ninaandika saa. Likirudi, ninaandika saa. Wapiga debe siku ya kwanza walidhani nimetumwa na watu wa kodi, wakawa wananikwepa. Siku ya pili mmoja alinitambua, nilimfundisha darasa la tano, akaja na wenzake wakakaa chini pembeni yangu. Shikamoo mwalimu, shikamoo mwalimu. Nikawasomea namba moja moja, nao wakajibu.

Magari matano yalikuwapo, yanafanya kazi, na yanajaa kabla jua halijatoka. Mawili yalikuwa gereji, moja injini imefunguliwa tangu Ramadhani. Mawili yamehamia njia ya Masasi kwenye lami, nao wenyewe hawafichi. Moja, wakasema, liko njiani kule baada ya Nanyamba, limekufa. Na moja hakuna aliyelijua. Nilirudia namba yake mara tatu. Kijana mmoja akasema labda ni la majini, wote wakacheka, mimi nikaandika alama ya ulizo.

Lile lililokufa nilikwenda kuliona. Nilipanda bodaboda kutoka Nanyamba, nikiwa na simu ya mwanangu yenye kamera nzuri. Lilikuwa chini ya mkorosho, nyuma ya nyumba ya udongo, limekalia magogo kwa sababu magurudumu yameshauzwa. Kioo cha mbele hakipo. Kuku alikuwa ametaga kwenye kiti cha dereva, na kwenye dirisha la pembeni stika ya leseni ya njia bado imebandikwa, safi kabisa, muda wake haujaisha. Niliipiga picha ile stika kwa karibu, kisha nikarudi nyuma nikapiga gari zima pamoja na kuku.

Nikitazama picha ile hasira yangu ilipungua, na nadhani ndipo nilipoanza kuielewa kesi yangu. Yule ofisa hakuapa uongo. Leseni 11 zilikuwa hai kweli kweli. Magari ndiyo yaliyokufa. Mwenye gari amelipia mwaka mzima, gari likafa mwezi wa nne, na ofisini jina lake linaendelea kuitikia. Hata mimi shuleni nimewahi kumweka rejesta mtoto aliyehamia Liwale, kwa sababu tu barua ya uhamisho haijaletwa.

Februari tukasikilizwa. Nilibeba daftari langu, picha nimezisafisha studio. Wakili akaniambia niyaweke kwenye mkoba. Siku ile hoja ilikuwa moja tu, pingamizi. Wakili wa Serikali alikuwa dada mpole, sauti ya chini, amepanga karatasi zake vizuri. Alisema sheria imeweka ngazi: kuna mapitio ndani ya ofisi yenyewe, juu yake kuna baraza la rufaa, na mwombaji ameruka ngazi zote akatokea juu ya paa. Wakili wangu akajibu kwamba barua haikutoa sababu, na mtu hawezi kukata rufaa dhidi ya ukimya. Tena msimu ulikuwa unapita. Niliona jaji akiandika. Nilifurahi.

Kisha yule dada akasema, Mheshimiwa, isitoshe mwombaji mwenyewe gari lake limekamatwa Desemba likibeba abiria njia ile ile bila kibali. Nilihisi kama nimevuliwa kitenge mbele ya watu. Jaji akamkatiza, akasema maelezo hayo hayamo kwenye kiapo chochote, waendelee na hoja. Wakili wangu hakugeuka kunitazama, lakini sikio lake lilikuwa jekundu. Sikuwa nimemwambia. Tulipotoka nje aliniuliza kitu kimoja tu: "Mama, kuna kingine?" Nikasema hakuna. Kama utakwenda mahakamani, wakili wako mweleze hata lile la dereva na breki.

Uamuzi ulisomwa Machi. Pingamizi lilikubaliwa. Jaji alisema mahakama haiwezi kugeuzwa mlango wa kwanza pale sheria ilipoweka milango mingine, na kwamba ufupi wa msimu haumwondolei mtu wajibu wa kuipitia. Maombi yakaondolewa mahakamani, kila upande ubebe gharama zake. Wakili alinifafanulia kwamba kuondolewa si sawa na kutupwa moja kwa moja; nikishamaliza ngazi za chini ninaweza kurudi, mradi niwe ndani ya muda. Nilisikia nusu. Nilikuwa nahesabu: wakili, ada, nauli, faini, na msimu mzima umekwenda. Kibali chenyewe hata kama ningepewa siku ile kingekuwa kimekwisha miezi miwili iliyopita.

Nyumbani nililala mchana, jambo nisilolifanya. Niliamka na wazo la kuiuza kosta.

Aliyenizuia ni dereva. Alikuwa amekaa barazani anapekua lile daftari la mahudhurio, akauliza, "Hivi mama mkubwa, hii orodha bado si mali yetu?"

Ilikuwa yetu. Nikamrudia wakili, akakubali tuandike ombi la mapitio kwa ngazi ya juu ya ofisi, tukiomba lipokelewe ingawa muda umepita, kwa kuwa sababu ya kunyimwa niliijua mara ya kwanza kupitia kiapo chao wenyewe. Safari hii sikuandika kurasa nane. Niliandika ukurasa na nusu. Aya ya 7 yao, orodha yao, kisha safu yangu: yupo, hayupo, hayupo, amehama, hajulikani. Picha ya stika. Picha ya kuku. Sikumtukana mtu. Nilisema leseni zipo hai na magari hayapo, naomba anayeamua aende stendi alfajiri moja tu.

Sijui kama alikwenda. Nilichojua ni kwamba mwezi wa tano mama wa maandazi alinipigia kuniambia kuna kijana mwenye shati la mikono mirefu amekaa kwenye benchi langu, naye ana daftari. Juni nikaitwa. Hii ilikuwa mara ya kwanza mtu wa ofisi ile kunipa kiti. Mama mmoja wa makamo, mgeni kwenye kituo, akaniuliza maswali ya maana: abiria wanaanza kupungua mwezi gani, kosta inahimili mchanga wa baada ya Mnivata, matairi nimebadilisha lini. Hakuniahidi chochote. Jibu la maandishi likaja na aya nne, ya nne ikisema uamuzi wa awali umetenguliwa na niwasilishe ombi jipya kwa msimu unaofuata.

Niliomba Agosti, si Septemba. Niliomba siku 90 nikapewa 60, kuanzia Novemba mosi, sharti nisiguse njia ya Lindi kwa muda huo na nisipakie njiani kati ya Mtwara na Nanyamba. Sharti la pili lilinikera kidogo, na sababu yake ilikuwa imeandikwa chini yake: eneo hilo magari yanatosha. Nilikwenda kuhesabu. Yanatosha.

Wakili alikuwa bado ananidai laki mbili. Nilimpigia kumwambia nitalipa kwa vipande, akacheka, akasema amesikia kosta inafika Tandahimba kila siku, basi nimletee kilo tano za korosho zilizobanguliwa, nyeupe, zisizovunjika, na salio tutaongea Krismasi. Dereva alizileta safari ya nne, kwenye mfuko chini ya kiti chake. Tulizipima tena kwenye mizani ya jirani. Zilikuwa kilo nne na nusu. Nikamuuliza nusu iko wapi, akasema trafiki wa Nanyamba aliomba kuonja, kisha akaomba kibali, akakisoma mpaka chini, akasema nendeni.